Orodha ya Vilivyotolewa

Kazi yangu ni kutoa. Mafundi wenzangu wa kompyuta wanapata riziki kwa kuongeza: ongeza kumbukumbu, ongeza diski, ongeza feni. Mimi nachukua mfumo endeshi mzima, ule unaokuja na mashine, naufumua kama nguo iliyoshonwa vibaya, na kila nisichokiona na faida kwa mcheza gemu nakitupa. Programu ya hali ya hewa, toka. Ile inayojisasisha bila kuulizwa, toka. Ile inayopeleka habari zako kwa watu usiowajua, toka na ukome. Kinachobaki nakifunga upya na kukipakia mtandaoni, na mtu mwenye mashine kuukuu iliyokuwa ikikwamakwama anajikuta ana gemu inayoteleza. Ndiyo maana huko mtandaoni wananiita Wembe. Jina nililipenda, sitajifanya sikulipenda.

Kwa asiyejua, gemu ni picha nyingi zinazopita haraka, na kila picha tunaiita fremu. Ukipata fremu thelathini kwa sekunde, adui anakuja kwako kama mtu aliyevaa viatu vya kuazima. Ukipata mia, unamwona anavyokuja kweli, na unawahi. Mfumo mzito unakula nguvu ambazo zingekwenda kwenye fremu. Mimi nauondoa mdomo huo mezani.

Kila toleo nililipakia pamoja na orodha ya vilivyotolewa, na orodha zangu zilikuwa na maneno. Walizisoma hata watu wasio na kompyuta. Nilipofika toleo la saba niliingia kwenye kundi la vitu vya kuwasaidia wenye ulemavu, nikavifyeka vyote kwa mkupuo mmoja, na nikaandika hivi: “Kikuza maandishi: nunua miwani. Msomaji wa skrini: kama huoni, unacheza nini? Vitufe vya zamu: kwa yule asiyeweza kubonyeza vitufe viwili kwa pamoja. Huyo akapumzike.”

Orodha ile ilichekwa wiki nzima. Nilikuwa nikiamka nasoma vicheko vya watu kabla hata sijanawa uso.

Mdogo wangu tunamwita Chechele. Utotoni ukimtuma dukani anapitiliza duka, anafika mwisho wa mtaa, anarudi mikono mitupu, anakuuliza ulimtuma nini. Shuleni hakung'ara. Ukarani wa ghala aliufanya miaka minne, na kila siku ulimchosha vilevile. Lakini mweke mbele ya skrini, yeye na kibodi yake na kipanya chake, chechele lote linamtoka. Alikuwa na timu ya watu watano katika gemu ya kushambulia majengo, na kazi yake ilikuwa ngumu kuliko za wenzake: kuingia mlangoni wa kwanza. Mwaka huu kampuni moja ya kuuza simu ilitangaza mashindano. Timu ikishinda mechi ya mchujo inakwenda fainali ukumbini, na ikishinda fainali watano wote wanapata mkataba wa mwaka mzima wa kucheza tu, basi. Ana miaka ishirini na saba, na sikuwahi kumwona akitaka kitu kama alivyoutaka mkataba ule.

Na akaanza kuchelewa. Kapteni wao, kijana mpole mwenye kibanda cha kuchapisha kadi za harusi, alinifuata dukani kwangu akasimama karibu na mlango bila kukaa.

“Dada, samahani. Mdogo wako siku hizi anaingia mlangoni sisi tumeshakufa.”

“Ni mashine yake,” nikasema. “Ile ni takataka.”

“Inawezekana. Lakini mchujo ni Jumamosi ya wiki ijayo, na wa akiba yupo, anangoja tu tumwite.”

Nilimjibu kwamba wa akiba aendelee kungoja. Jioni hiyo nilimwambia Chechele kwamba ninamwekea toleo la saba. Mashine yake ilikuwa na mfumo mzima, na vumbi lake, na fremu arobaini kwa shida.

“Iache ilivyo, dada. Nimeizoea.”

“Hata punda amezoea mzigo.”

“Nimesema iache.”

Hakuwa na kawaida ya kunijibu hivyo, na mimi nikijibiwa hivyo sikawii kupandwa. Kesho yake asubuhi alipompeleka mama kliniki kupima macho, niliingia chumbani mwake na flashi yangu. Sikumwibia, nilijiambia, nilikuwa ninamsaidia mtu ambaye hajui kusaidiwa. Nikaufuta mfumo wote wa zamani, nikaweka wangu. Nikaifungua gemu nikapima: fremu mia na kumi. Nilitoka mle chumbani nikipiga mluzi.

Aliporudi aliiwasha, akabonyeza kitufe cha pembeni mara mbili. Mimi nilikuwa mlangoni nikingoja kushukuriwa.

“Umeondoa nini na nini?” akauliza.

“Si unayo orodha? Au hukuisoma?”

“Niliisoma,” akasema, bila kugeuka. “Ilinichekesha.”

Siku tatu zilizofuata alicheza vibaya kuliko nilivyowahi kumwona mtu akicheza. Kapteni alinitumia ujumbe mmoja tu, wenye neno moja: Dada. Nilimkuta Chechele mezani anakula, nikapandwa na hasira. Nilimpa vidonge vyake mbele ya mama. Nikamwambia, “Mashine nimekuondolea kila kisingizio. Sasa lawama imebaki kwenye mikono yako tu.”

Akaitazama mikono yake, akasema, “Kweli.” Mama akainuka akaenda kuosha vyombo ambavyo vilikuwa safi.

Ulimi hauna mfupa, wanasema, lakini wangu siku ile ulivunja.

Jumatatu umeme ulikatika mtaa wa dukani, nikarudi nyumbani saa sita. Mlango wa chumba chake ulikuwa wazi kidogo. Nilimwona ameinama juu ya kibodi, amechukua kibanio cha nguo, kile cha mbao tunachoanikia, amekizungushia mpira wa kufungia fedha, na anajaribu kukifunga kwenye kitufe cha pembeni ili kitufe kibaki kimebonyezwa. Nilikuwa nimeshafungua mdomo nimtanie. Akanisikia, akataka kukificha kwa mkono wa kushoto, kibanio kikaanguka. Akainama kukiokota. Kidole gumba kilikwenda kukutana na cha shahada, havikukutana. Akajaribu tena. Mara ya tatu alitumia mkono wa kulia.

Hapo ndipo nilipoutazama mkono ule wa kushoto. Kati ya gumba na shahada, pale ambapo mtu ana kinyama kidogo kilichoinuka, yeye alikuwa na shimo.

Baba yetu alikuwa fundi saa. Alianza kwa kuangusha skrubu. Tulikuwa watoto, tukawa tunazitafuta chini ya meza kwa sumaku, mchezo mzuri kabisa, mpaka siku alipotukataza tusizitafute tena. Shimo lilianzia palepale, kati ya gumba na shahada, mkono wa kushoto. Baada ya mwaka hakuweza kuvaa shati. Baada ya miaka mitatu hakuweza kumeza, na mama ndiye aliyemwuguza tangu skrubu ya kwanza mpaka tulipomzika. Daktari alituambia kwamba ugonjwa ule unaweza kutembea katika damu ya familia, na tangu siku hiyo hakuna aliyeutaja nyumbani kwetu.

Nilikaa kitandani kwake.

“Tangu lini?”

“Miezi minane. Tisa.”

“Ulikuwa unachezaje?”

Akanieleza, kwa utulivu kama mtu anayekuelekeza njia. Katika mfumo ule mzima, ule wenye vumbi, kulikuwa na kitu kinaitwa vitufe vya zamu. Badala ya kushika vitufe viwili kwa pamoja, unabonyeza cha kwanza mara mbili, kinajishikilia chenyewe, unakwenda cha pili kwa wakati wako. Kukimbia huku umeinama, kwa mfano, kunataka vidole viwili vya kushoto vyenye nguvu. Yeye alikuwa na kimoja na nusu. Fremu zilikuwa arobaini, ndiyo, na alikuwa anachelewa, lakini alikuwa anafika.

“Na mimi nikakitoa.”

“Ukakitoa.”

“Kwa nini hukuniambia?”

“Ningekuambia nini, dada? Ulishaandika huyo akapumzike. Watu elfu kadhaa wakacheka, na mimi nikacheka. Orodha yako inachekesha, usijali.”

Nilitamani ardhi ipasuke. Sijui kulia vizuri. Nikilia najikasirikia, na nikijikasirikia nasema maneno ya ovyo. Nikasema kwamba nitamfikisha kwa madaktari wapya, nikasema kwamba pengine ni mshipa tu umebanwa, nikasema kwamba angekuwa na akili angezungumza. Aliniacha niishe.

“Kwanza kitufe changu,” akasema. “Hayo mengine yatakuja, hata tusipoyaita. Na mama asijue bado.”

Nilichokitoa mimi hakirudi kwa kubembelezwa. Ilibidi nianze upya na mfumo mzima na kutoa tena kila kitu kasoro kile kimoja, na kile kimoja kumbe kilikuwa na ukoo. Nikiacha vitufe vya zamu, vinadai huduma fulani iwepo. Huduma ile inadai nyingine. Ile nyingine inadai mbili ambazo mimi nilikuwa ninazitukana mwaka wa tatu sasa. Nilifunga duka siku tatu. Wateja walikuja wakagonga, wakaondoka na mashine zao kwapani. Ili kujaribu, nilijifunga vidole vya mkono wa kushoto kwa mtandio nikabaki na kimoja, nikaingia kwenye gemu na kidole hicho. Nilikufa mlangoni mara arobaini na kitu. Kila nikifa nilikuwa nasikia sauti yangu mwenyewe mezani, ile ya lawama imebaki kwenye mikono yako.

Alhamisi jioni nilipata fremu tisini na mbili, vitufe vya zamu vikiwa hai. Sikuwahi kutengeneza kitu kizuri kama kile, na hakuna niliyetaka akione zaidi ya mtu mmoja.

Ijumaa, nikiwa nasubiri mashine imalize kujipanga, nikasoma kanuni za mashindano, ambazo nilipaswa kuzisoma mwanzo. Mchujo kila mtu anacheza kwa mashine yake, popote alipo. Fainali ni ukumbini, kwenye mashine za waandaaji, na mchezaji haruhusiwi kuweka wala kubadilisha kitu chochote. Nikasoma mara mbili, nikitafuta mlango. Nikamwonyesha.

“Najua,” akasema. “Niliwaandikia muda mrefu uliopita. Walinijibu kwamba kwenye mchujo nitumie nitakacho, lakini ukumbini msaada wowote wa vitufe wanauhesabu ni udanganyifu. Walijibu kwa adabu.”

“Sasa mimi nimekaa siku tatu natengeneza nini?”

“Mechi ya kesho.”

“Halafu?”

“Halafu wa akiba ataingia fainali. Yule anajua kazi. Lakini mchujo yeye hawezi, timu ile ya kesho wanaingilia nyuma, na nyuma mimi nawajua. Wenzangu wamenibeba miezi mingi, dada. Nataka niwavushe hapo tu. Na nataka nicheze mara moja bila kibanio cha nguo.”

Nilimsogezea kibodi.

Jumamosi saa tisa mchana timu ilikusanyika sebuleni kwetu, wanne na mashine zao, nyaya zikipita chini ya viti, mama akiruka nyaya na kulalamika kwamba nyumba yake imegeuka kituo cha umeme. Wa akiba alikaa kwenye kigoda karibu na dirisha. Mimi nilisimama nyuma ya Chechele, mahali ambapo naona skrini na mkono.

Sijui nielezeje alivyocheza. Mkono wa kulia ulikuwa ule wa zamani, kipanya kinakwenda kabla ya macho. Mkono wa kushoto ulikuwa unatembea juu ya kibodi kama mzee anayepanda ngazi, kitufe kimoja, apumue, kitufe kingine. Lakini mashine ilikuwa inamngoja. Kila alipofika mlangoni alikuwa ameshainama, ameshakimbia, ameshaingia. Raundi ya kwanza wakapoteza. Ya pili na ya tatu wakachukua. Katika hiyo ya mwisho wenzake wanne walikufa, akabaki yeye na maadui wawili nyuma ya ukuta. Hakukimbilia. Aliwasikiliza wakitembea, akabonyeza, akabonyeza, akatokea upande ambao hawakuungoja. Ikaisha.

Kapteni alimkumbatia kiti na mtu pamoja. Wa akiba alikuwa anapiga makofi. Chechele akawaacha wachoke, kisha akasema, kwa sauti ya mtu anayekumbushia jambo dogo:

“Kapteni, fainali mwingize huyu. Mimi nimemaliza.”

“Umemaliza nini? Wewe leo umetuvusha wewe.”

Akamwomba kibodi yake yeye kapteni, ile ya mashine ya kawaida. Akaweka mkono wa kushoto juu yake. “Hapa nakimbia,” akasema, akabonyeza. “Hapa nainama.” Kidole cha pili kilifika kwenye kitufe, kikakaa juu yake, hakikukizamisha. Akakisukuma kwa kidole cha mkono wa kulia, wote wakaona. Kapteni alitazama mkono, akanitazama mimi, na mimi nikatikisa kichwa kwamba ndivyo ilivyo. Yule wa akiba, ambaye amekuwa akiomba nafasi hii mwaka mzima, alikwenda nje.

Mama alikuwa mlangoni na sinia la glasi. Mficha maradhi kifo humuumbua, na sisi tulidhani tunamficha mtu ambaye aliyasomea maradhi yale miaka mitatu kitandani kwa baba.

“Mama,” Chechele akaanza.

“Nilijua tangu ulipoacha viatu vya kamba,” mama akasema. “Nilikuwa nangoja mniambie. Nikasema labda nikikaa kimya hayatakuwa.” Akaweka sinia mezani, akamshika mwanawe mkono ule wa kushoto, akapitisha kidole chake palipo na shimo, taratibu, kama anapima kina chake. Kisha akawaambia vijana wanywe, vinywaji vinapata moto.

Walipoondoka nyumba ilibaki na viti vilivyotawanyika. Tulirudi chumbani kwake, mimi na yeye. Nikamwambia kwamba sasa ile mashine ni yake kabisa, anaweza kucheza atakavyo, mashindano au hakuna mashindano, na mkono ukipungua mimi nitaongeza misaada. Nimeshajua inavyoshikana, nitaongeza ya sauti, nitaongeza ya macho. Nilisema nitaongeza mara nyingi sana.

“Hiyo misaada itataka nafasi,” akasema.

“Nafasi ipo. Nitapunguza kwingine.”

“Kikubwa kilichomo humu ni gemu.”

“Hiyo siitoi.”

“Dada, wewe si kazi yako kutoa? Nikiiacha nitakuwa nacheza. Mwezi ujao nitacheza vibaya kidogo, mwezi wa pili vibaya zaidi, na kila siku nitakuwa najipima. Baba alikuwa anafungua saa ileile kila asubuhi kuona kama ataweza. Unakumbuka? Nataka niishie leo.”

Nilikumbuka. Akanisogezea kibodi, akaiweka folda ya gemu mbele yangu, imeshachaguliwa. Mimi niliyefuta vitu elfu bila kupepesa, niliyeandika vichekesho juu ya kila nilichokifuta, niliiweka mikono magotini na sikuweza kuiinua. Nikamwambia siwezi. Nikamwambia anisamehe, na alijua siombi msamaha kwa ajili ya folda.

“Haya,” akasema, akaivuta kibodi kwake.

Kufuta kitu moja kwa moja, kisipitie kwenye pipa la taka, kisirudishike, kunataka vitufe viwili kwa pamoja. Alibonyeza cha kwanza mara mbili. Akaondoa kidole, akapumzika kidogo. Mashine ikamngoja, kama nilivyoitengeneza ingoje. Kisha akabonyeza cha pili.

Ilikuwa gemu kubwa. Ilichukua dakika nne kufutika, na tulikaa pale tukaitazama mpaka ikaisha.